Jina la Mkwe Halitamkwi

Kwenye kadi ya kliniki ya binti yangu, mahali pa jina, muuguzi aliandika "Mtoto wa", akaongeza jina langu, akaishia hapo. Aliandika kwa penseli. "Mkishaamua mtarudi tufute," alisema. Siku ya kumi na tisa penseli ilikuwa bado pale, na mume wangu alikuwa ameanza kunitania kwamba watu wa kwenye vitabu vyangu hupata majina kabla hawajapata miguu, ila mtoto niliyemzaa mwenyewe anaishi mtaani kwetu Utemini kama mpangaji ambaye mjumbe hamjui.

Alisema kweli. Mimi naandika riwaya. Nimetoa moja, ya pili iko mezani inanisubiri, na kila hadithi huwa naianzia kwenye jina. Nisipojua mtu anaitwaje, haamki. Ninalo kaunta buku lenye jalada jekundu ambamo nimekuwa nikiandika majina ya watu tangu nikiwa sekondari: jina, lugha, maana yake, na nani aliniambia.

Humu kwenye hadithi hii, hata hivyo, sitaandika jina la mtu hata mmoja. Mama yangu husoma kila ninachoandika. Anasoma taratibu, miwani imeshuka puani, midomo ikichezacheza, na kuna jina moja ambalo midomo hiyo ikilifikia inasimama. Jina hilo ni langu.

Nilizaliwa Misigiri, mtoto wa kwanza, nikapewa jina la mama yake baba. Kwetu Iramba mke hatamki jina la wazazi wa mumewe. Hakuna anayemketisha chini kumkataza. Analikuta katazo hilo siku anayoingia kwa mumewe, kama anavyoyakuta mafiga jikoni. Anaweza kukaa ua mmoja na mama mkwe wake miaka na miaka, wakapura uwele pamoja, wakauguzana, wakazikana, asilitamke jina lake. Na jina likihamia kwa mtoto, katazo linahama nalo. Kwa hiyo mama alinizaa, akaninyonyesha, akanibeba mgongoni mpaka miguu yangu ikamfika magotini, na hajawahi kuniita. Ananiita "Mama". Akifurahi sana, ananiita "Mkwe wangu".

Baba naye aliniita Mama, ila kwake lilikuwa neno la mapenzi tu, maana nilikuwa na jina la mama yake. Akikasirika alilitoa jina lote, akaliongezea la ubatizo, nami nikajua siku hiyo nimekwisha. Mama hakuwa na njia hiyo ya pili. Hasira yake, hofu yake na furaha yake vyote vilipita katika neno moja, na mimi nilijifunza kusikiliza jinsi anavyolitamka.

Nikiwa na miaka saba hivi nilipindua dumu la mafuta ya alizeti ambayo mama alikuwa akiyapima kwenye chupa na kuyauza kando ya barabara, pale yanaposimama magari yaendayo Nzega. Udongo ukayanywa yote nikiangalia. Mama alichuma fimbo kwenye ua. Bibi, mwenye jina langu, alikuwa ameketi kizingitini pake, anachambua mlenda.

"Haya, nipige," bibi akasema. "Nimemwaga mafuta yako."

Mama akasimama na fimbo yake. "Mama, sikusemi wewe."

"Unamsema nani? Hapa tupo wawili wenye jina hilo, na mmoja hawezi kukimbia. Anza na huyo."

Mama alijaribu kununa. Alishindwa, akacheka mpaka akakaa chini penye tope la mafuta, na kitenge chake kikaharibika pia. Bibi aliniita "wajina", tulikuwa tukila sahani moja, na nilijiona mtoto mwenye bahati kuliko wote wa pale kwetu, kwa sababu mama yangu hakuweza kunichapa bila kumchapa mkwewe.

Siku ya kuandikishwa darasa la kwanza, bahati hiyo ilikuwa na sura nyingine. Mwalimu alikuwa mgeni, hakuwajua bado watu wa kwetu. Akauliza bila kuinua kichwa, "Mtoto anaitwa nani?"

Mama akanigusa bega. "Jitaje."

Mimi nikatazama vidole vya miguu yangu.

"Mama, jina la mtoto."

"Atalisema mwenyewe, mwalimu."

Hapo mwalimu akainua kichwa. "Wewe ndiye mzazi wake?"

"Ndimi."

"Na hujui anaitwa nani?"

Watu waliokuwa nyuma yetu kwenye foleni wakacheka kidogo. Kisha mwanamke mmoja akainama, akalitaja jina langu juu ya bega la mama, kama mtu anayempokea mwenzake ndoo kichwani. Mama akamwambia asante. Njia nzima ya kurudi nyumbani alinishika mkono kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.

Hadithi hizi mbili nimezisimulia mara nyingi kwenye vikao vya waandishi, kule Dodoma na Dar es Salaam. Zinapendwa. Nilikuwa najua pa kunyamaza ili watu wacheke, na nilicheka pamoja nao.

Majina ya watu wengine niliyatafuta kwa bidii zaidi. Jirani yangu hapa Utemini ni Mwislamu. Mwanawe alipofika siku ya saba walimnyoa nywele, wakachinja mbuzi wa akika, wakampa jina lenye moja ya sifa za Mungu na mbele yake neno la Kiarabu lenye maana ya mja. Aliniambia, "Huyu hata akipotea, jina lake linasema ni wa nani." Shuleni nilikaa dawati moja na msichana wa Kibarabaig, wa wafugaji, na kwao majina mengi ya wanaume yana mwanzo mmoja na ya wanawake yana mwanzo mwingine, hata ukisikia mtu anaitwa ng'ambo ya bonde unajua anayekuja ni dada au kaka. Yule muuguzi wa kliniki ni Mchaga. Alinieleza kwamba kwao mtoto wa kwanza wa kiume anachukua jina la babu wa upande wa baba na wa pili la babu wa upande wa mama. "Sisi hatubishani," alisema, "tunakwenda kwa zamu." Wakristo wenzangu wa Iramba wanabeba majina ya Kiebrania ya zamani kabisa, yaliyopita kwa Wagiriki, yakapita kwa Wazungu, yakafika kwa katekista wa kijijini ambaye aliyatamka kadiri alivyojaliwa. Na chini ya majina hayo ya kanisani yako yale ya kwetu: mtoto aliyekuja na mvua, aliyekuja mwaka wa nzige, aliyezaliwa njiani, na yule ambaye wakubwa zake walikufa wote akaitwa jina la takataka ili kifo kimpite bila kumtamani.

Kati ya hayo yote nililiweka moja pembeni. Ni la Kinyiramba, la mvua ile inayokuja watu wakiwa wameshaacha kutazama mbinguni. Alinipa mzee mmoja muuza asali. Miaka sita nilikataa kumpa mhusika yeyote. Nilikuwa namtunzia mtu ambaye sikuwa nimemjua bado.

Siku ile ya kumi na tisa, baba mkwe alipiga simu kutoka Issuna. Mume wangu ni Mnyaturu, na kwao kama kwetu, jina la mtoto hutoka upande wa baba. Aliongea na baba yake uani, akarudi jikoni nilipokuwa nikikoroga uji.

"Wameamua," alisema.

"Jina la nani?"

"La mama."

Niliendelea kukoroga. Mama aliyemsema ni mama yake mzazi, mkwe wangu, aliye hai, mwenye afya, anayelima ekari zake za alizeti. Kwa maana hiyo binti yangu atakuwa na jina ambalo mimi silitamki. Tena ni mtoto wangu wa kwanza, kwa hiyo mtaa mzima utaniita mama wa jina hilo mpaka nizeeke, na mtu akiniuliza mimi ni mama nani itabidi nimwombe jirani anijibie.

"Wewe si ndiye unasema hizi mila ni za kuandikwa kitabuni?" mume wangu aliniuliza. Hakuwa ananikejeli, alikuwa anatafuta kunielewa.

"Kuandikwa, ndiyo."

"Basi liseme tu. Mama yangu hana neno. Au mwite 'Mama', kama wewe unavyoitwa. Mbona umekua vizuri?"

Niliingia bafuni, nikafunga mlango, nikafungua bomba ili nisisikike. Nilitaka kulitamka jina la mkwe wangu mara moja, peke yangu, kama anayejaribu kiatu. Nimesoma, nina shahada, nimekaa kwenye meza za watu wanaobishana kuhusu uhuru wa mwandishi. Ulimi ulifika kwenye meno ukarudi. Nikajaribu tena. Nikafunga bomba, nikatoka.

Mama yangu alikuwa kibarazani akimwogesha mtoto. Alikuwa amekuja kutoka Misigiri kunilea uzazi. Alikuwa amesikia kila kitu. Alimsuuza mtoto, akamfunga taulo. Kesho yake asubuhi nilimkuta ameshajifunga kitenge cha safari na mtoto ameshamvalisha kofia mbili.

"Tunakwenda Issuna," alisema. "Mimi na wewe na huyu."

"Mama, arobaini haijaisha."

"Najua kuhesabu."

Mama huyo ndiye aliyekuwa amenikataza hata kutoka nje kuanika nepi, kwa ajili ya upepo wa Juni. Nikajua jambo alilonalo ni zito kuliko upepo. Nikavaa.

Tulimkuta mkwe wangu uani, ametandika turubai pana, anapura alizeti kwa fimbo, vumbi jeusi limemjaa kwenye nyusi. Baba mkwe alikuwa ameenda mnadani. Mkwe wangu alipotuona alitupa fimbo.

"Kuna msiba?"

"Hakuna msiba," mama alisema.

"Mzazi wa siku ishirini barabarani na hakuna msiba?"

Nilipiga goti nikamwamkia. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Kaa pale nyuma ya ukuta, upepo usimpate." Akamfunua mtoto uso, akamtazama kwa muda mrefu, akamfunika. Kisha yeye na mama wakaanza kusalimiana inavyotakiwa: habari za Misigiri, za ng'ombe, za mvua ilivyomaliza, za magoti. Walizungumza Kiswahili, kwa sababu mmoja ana Kinyiramba na mwingine ana Kinyaturu, na hakuna aliyetaka kumkosea mwenzake kwenye lugha yake. Mama aliokota fimbo ya pili akaanza kupura. Kwetu huendi kwa mtu anayefanya kazi ukamkalia na maneno, mikono mitupu.

Walipura kwa zamu, huyu akipiga huyu ameinua, mpaka vichwa vya alizeti vya kwanza vikaisha.

"Mkwe," mama alisema, "nimeletwa na jina."

"Lina nini? Ni la kizamani? Nimeshaambiwa." Mkwe wangu aliendelea kupiga. "Nina wake wa wanangu watatu kabla ya huyu wako. Wa kwanza alisema mchungaji amemkataza. Wa pili alisema kompyuta ya hospitali haitalipokea. Wa tatu hakuniambia kitu, nikasikia tu mtoto ameshabatizwa. Haya, wewe una lipi?"

"Mimi sina ubaya na jina lako. Nasema binti yangu hataweza kumwita mtoto wake."

"Si atamwita Mama? Wewe huyu ulimwitaje?"

Mama alishusha fimbo. Akaisimamisha chini, akaiegemea kwa mikono yote miwili.

"Alikuwa na miaka minne," alisema. "Ilikuwa siku ya mnada pale Misigiri, wakati wa vitunguu. Nimemsimamisha hapa, nageuka kupima debe, nageuka tena, hayupo. Na malori yale yanarudi nyuma, na ng'ombe wa mnada wanapitishwa katikati ya watu. Nikaanza kuita. Unajua niliita nini?"

Mkwe wangu aliweka fimbo chini.

"Niliita 'Mama'. Mwanamke mzima nazunguka mnadani nalia 'Mama, Mama'. Watu wananishika mkono, wananiuliza, dada, mama yako amefariki? Na watoto wote pale wanaita hivyo hivyo. Angejuaje kuwa ni mimi namwita yeye?" Akajigusa chini ya koo. "Jina lilikuwa hapa. Lilifika hapa kabisa, na sikulitoa. Mwanangu huenda yuko chini ya lori, na mimi nimeshikilia heshima."

"Alipatikana wapi?"

"Si huyo amekaa. Alikuwa amelala juu ya magunia ya vitunguu. Mwanamume mmoja wa kwetu ndiye alimwita kwa jina. Mara moja tu, mkwe. Aliita mara moja, mtoto akainuka, akasema 'abee'."

Akafuta uso kwa mkono, vumbi likabaki pale pale.

"Nikamchukua, nikaenda nyumbani, nikapika. Sikumwambia baba yake. Mkwe wangu mwenyewe, bibi yake huyu, Mungu amrehemu, sikumwambia, maana alinipenda, angeona namlaumu kwa jina lake."

Nilikuwa nimekaa nyuma ya ukuta, mtoto ananyonya. Mimi siikumbuki siku hiyo hata kidogo. Vikao vyote vile, vicheko vyote vile, na hadithi yenyewe sikuwa nimewahi kuipata.

Mkwe wangu aliinama, akaanza kukusanya mbegu kwa viganja, akizirudisha katikati ya turubai ingawa hazikuwa zimetawanyika sana.

"Pole," alisema. "Pole sana, mkwe. Sasa na mimi nisikilize."

Alikaa chini palepale juu ya mbegu.

"Mimi nilizaliwa mwaka wa njaa. Mama yangu alikuwa amezika wawili. Siku niliyotoka, hapakuwa na kitu ndani ya kihenge cha nafaka, wameshakifagia wakapika hata makapi yaliyofagiwa. Ndilo jina wakanipa. Kihenge kilichofagiwa. Mnyaturu akilisikia hulisikia na ufagio wake. Nimetaniwa tangu niko hivi." Alionyesha urefu wa goti. "Ukienda kisimani, 'Kihenge kitupu, leo umetuletea nini?' Nilipoolewa, wifi mmoja akasema basi ndugu yetu ameoa njaa."

"Watu wana midomo," mama alisema.

"Wanayo. Na hawa wake wa wanangu wanasema jina la njaa huita njaa. Mimi limeniitia nini? Nimezaa sita, wote wako hai. Tangu niingie ua huu sijalala bila kula. Tazama." Alipiga rundo la alizeti kwa kiganja. "Sitaki sifa. Nataka mtoto mmoja alale nalo tumbo limejaa maziwa, nilione jina langu likishiba. Nikishaliona hivyo, nitakwenda."

Kuku walikuwa wamepanda kwenye turubai na hakuna aliyewafukuza. Nilikuja Issuna nikiwa na upande wangu tayari, nimeupanga njia nzima kwa maneno mazuri, na sasa sikuona pa kuyaweka.

"Na wewe, mwanangu?" mkwe wangu aliniuliza. "Ulitaka aitwe nani?"

Nilimwambia. Nilimtajia lile jina la mvua na maana yake. Alilirudia polepole, akalitafuna kwa Kinyaturu chake.

"Ni zuri," alisema. "Mpe wa pili."

"Mama, huyu hata arobaini bado."

"Ndiyo nakuambia mapema ulitunze."

Mama alicheka kwanza, kisha mkwe wangu, na mimi nikajikuta nacheka huku machozi yananidondokea kwenye kofia ya mtoto.

Kisha mkwe wangu akainuka. Alisimama anajikung'uta, anafikiri.

"Nina wajomba upande wa Ugogo," alisema. "Niliwahi kusikia kwao kwamba mkwe anaweza kufunguliwa mdomo. Mwenye jina anampa kitu, anamwambia tamka, anatamka mbele ya watu, basi. Hapa kwetu sijaona ikifanywa."

"Kwetu pia sijaona," mama alisema.

"Basi tutaona leo."

Alikwenda nyuma ya kihenge. Tulisikia makelele, mabawa, na yeye akimsihi mtu kwa Kinyaturu atulie. Alirudi na mtetea mwekundu, akamfunga miguu kwa kipande cha khanga, akaniwekea mapajani, upande ule ambao hakukuwa na mtoto.

"Nimekufungua. Sema."

Nilifungua kinywa. Nilimtazama mama yangu, naye akageukia alizeti. Nilisema kitu.

"Umemwambia kuku?" mkwe wangu akauliza.

Nikajaribu tena, sauti ikatoka nusu, nyingine ikabaki.

"Mwanangu, unaandika vitabu vizima. Neno moja linakushinda?"

"Kuandika si kutamka, mama."

"Unanitazama mimi, ndiyo maana. Mimi ni mkwe wako, utaniogopa tu. Mtazame yeye. Yeye hana ukwe na mtu."

Nilimtazama binti yangu. Alikuwa ameachia titi, maziwa yamemkauka pembeni mwa mdomo, macho yako wazi lakini hayajashika kitu bado. Nikamwita. Jina lilitoka lote, na ufagio wake na njaa yake, likatua usoni pake. Akapiga chafya.

"Ameitika," mkwe wangu alisema.

Mama yangu alikuwa amejiziba mdomo kwa ncha ya kitenge, kama vile nimetukana mbele za watu. Halafu akashusha kitenge, akachukua fimbo, akaendelea kupura, peke yake, kwa haraka.

Tuliondoka baada ya kula, kabla jua halijapoa. Tukisubiri basi kando ya barabara, mama alimbeba mtoto na mimi nikambeba kuku. Nilimuuliza kitu ambacho nilikuwa nakizunguka tangu tulipoagana.

"Kama bibi angekupa kuku, ungelitamka?"

Alimhamishia mtoto bega la pili.

"Bibi yako alinipa kuku wengi," alisema. "Alinipa hata mbuzi, ulipozaliwa wewe. Nilikuwa sijui tu kama mtu anaweza kuomba na hilo."

Alimfunua mtoto kidogo, akamwita kwa jina lake. Kwa mama jina hilo halina katazo lolote. Mwenye jina ni mkwe wangu mimi. Akamwita tena, kwa sauti ya juu zaidi. Akamwita kama mtu aliye mbali, akamwita kama mtu aliyekosea, akamwita kwa kumbembeleza, akamwita kwa mshangao, kila namna ambayo mzazi anaweza kumwita mtoto, na mwanamume mmoja aliyekuwa anasubiri basi na sisi akasogea pembeni kidogo. Basi lilipotokea mama aligeuka kwangu akasema, "Mama, shika mtoto nipande." Niliitika.

Sasa mkwe wangu hupiga simu kila jioni, akishafungia kuku. Haulizi habari ndefu. Anamsalimia mwanawe, anasema "mpe mwenzio", na nikishamwamkia ananiambia neno moja tu: "Mwite nisikie."

Siku nyingi jina hutoka bila shida. Siku nyingine, sijui kwa nini, ulimi unafika kwenye meno unarudi, na mimi nabaki nimeshika simu, mtoto ananitazama. Mkwe wangu hanihimizi. Nasikia upepo wa Issuna ndani ya simu, nasikia pumzi yake, ananisubiri. Nageuza uso kwa binti yangu, nalitamka.

"Haya," anasema. "Ameshiba?"

"Ameshiba, mama."

Na anakata.